Barua ya wazi kwa Mkuu wa Mkoa wa Manyara: makorongo ya Mlima Hanang yawekewe mipaka

Mheshimiwa Mkuu wa Mkoa,

Pokea salamu kutoka Katesh. Ombi langu ni moja: makorongo yote yanayoshuka kutoka Mlima Hanang yapimwe, na vigingi visimikwe kuonyesha mahali ambapo nyumba haitakiwi kujengwa.

Asubuhi ya Jumapili, Desemba 3, 2023, tope, mawe na magogo vilishuka vikaua zaidi ya watu 80. Uvumi ukaenea kwamba volkano imelipuka. Wataalamu wa Serikali wakaeleza kuwa si volkano: sehemu ya mlima yenye miamba dhaifu ilinyonya maji ya mvua, ikameguka. Watu wakashusha pumzi. Naogopa tulizishusha mapema mno.

Ni kweli Hanang ni volkano iliyozimika. Moto wake ulikoma takriban miaka milioni moja iliyopita. Hatari yetu ipo kwenye kile ulichokiacha. Mlima huu wa zaidi ya mita 3,400 umejengwa kwa lava na majivu, tabaka juu ya tabaka. Lava ni ngumu, lakini majivu yaliyo katikati yameoza kwa muda mrefu hadi yakawa udongo laini. Wakati wa kiangazi unasagika vidoleni kama unga. Ukishiba maji unateleza, na mwamba ulioukalia hauna tena pa kujishikilia. Kwa mteremko mkali kama ule, kinachomeguka juu hakisimami mpaka kifike kwenye makazi. Hata udongo mzuri tunaolima mahindi huku chini uliletwa na maji na maporomoko ya zamani. Yaani tunaishi pale pale ambapo mlima umezoea kumwaga mzigo wake.

Kwa hiyo wanajiolojia waje tena, safari hii kwenye mkutano wa hadhara, watuonyeshe korongo kwa korongo. Vipima mvua viwekwe juu mlimani, si Katesh mjini tu, kwa sababu mvua inayotuua hunyesha kule wakati huku ni manyunyu. Vipima hivyo vikionyesha hatari usiku, mwenyekiti wa kijiji awe na mamlaka ya kuhamisha watu usiku huo huo bila kusubiri kibali, na vipaza sauti vya msikiti na kanisa vitumike kuwaamsha.

Mheshimiwa, tunaomba vigingi viwe vimesimikwa kabla ya mvua za Novemba.

Wako mtiifu,
Mkazi wa Katesh, Wilaya ya Hanang