Shangazi aambiwe Idi hajatupwa

Leicester

Kaka Athumani, shikamoo.

Ujumbe wako wa sauti nimeusikiliza mpaka pale shangazi aliposema nimemsahau mwanawe tangu ninunue nyumba. Nyumba kweli nimenunua, na mlango nimeupaka kijani kama wa kwetu Ngamiani. Ila hilo la kumsahau Idi, naye yumo gerezani huku Uingereza, limenichoma. Msomee barua hii yote, usiruke.

Mfungwa wa kifungo kama chake hatoki mpaka bodi ya parole, yaani wale wanaoamua mfungwa aachiwe au abaki, iridhike kwamba watu wa nje watakuwa salama. Mwanzoni mjumbe mmoja tu alisoma jalada, bila kumwona Idi wala kumsikia, akaandika abaki. Sababu kubwa ni taarifa ya gereza kwamba alipigana jikoni. Idi anasema alikuwa akiamua ugomvi. Nyinyi mnamjua, wa Mwanaidi na mumewe aliuamua nani?

Mwenyewe alishakata tamaa. Mimi sikukubali. Sheria inampa siku 28 za kuomba asikilizwe ana kwa ana, na wakili wake alikuwa anasuasua. Basi usiku, nikitoka zamu, nikaisoma hukumu ya Mahakama ya Juu ya Uingereza ya mwaka 2013, ya Osborn na wenzake wawili. Mimi yuleyule ambaye baba alisema sheria siiwezi! Majaji walisema bodi isimnyime mtu kikao eti kwa kuwa hata akija haelekei kushinda. Jambo zito likibishaniwa, aitwe alieleze kwa mdomo wake. Jaji Reed, aliyeiandika, akaongeza kwamba kikao si cha kuisaidia bodi tu kuamua vizuri. Mtu anayeamuliwa maisha yake ana haki ya kuwa na sauti humo. Nikamtumia wakili aya zenyewe. Hakusuasua tena. Maombi yamekwenda na kikao kimekubaliwa, na wakili ameomba askari aliyeandika habari za jikoni naye aje aulizwe.

Lakini shangazi asianze kupika pilau. Kupewa kikao si kuachiwa. Wanaweza kumsikiliza vizuri kabisa na bado wakasema abaki, ila itabidi waandike sababu, nasi tutazisoma. Na huyo bwana anayetaka laki tano kwa kuwa "anajuana na wakubwa wa Uingereza" asipewe hata nauli. Nimekasirika sana kusikia mlishamkaribisha chai.

Mimi sijambo, baridi tu. Juzi nilipata muhogo duka la Wahindi, nikaupika kwa nazi ya kopo, haikuwa nazi. Machungwa ya Muheza yameanza?

Pesa ya dawa za mama nimetuma kwa jina la Zuhura. Ya mabati isubiri. Kwa sasa mwambie shangazi atoe barua zote Idi alizomwandikia kutoka gerezani, wakili anazihitaji kabla ya kikao. Zipige picha kila ukurasa, hata ile aliyomtukania baba.

Mdogo wako,
Rehema