Kuhusu Ile Sehemu ya Ndani ya Figo

Mpendwa Zuhura,

Nimezoea kuanza barua kwa kumtakia mwenzangu buheri wa afya, lakini safari hii kalamu imesita, maana umeniandikia kwamba mwanao Idrisa amekuwa akikojoa damu kwa siku nne bila maumivu yoyote, na kwamba daktari aliwaambia tu kuwa damu hiyo inaelekea kutoka "kwenye medula", kisha akaitwa kwa mgonjwa mwingine kabla hujapata nafasi ya kuuliza medula ni kitu gani. Umeniuliza mimi kwa kuwa nimefundisha anatomia miaka mingi. Swali lako la pili ndilo lililonigusa zaidi: iweje kijana ambaye ni mbebaji tu wa selimundu, asiyeumwa ugonjwa wenyewe hata siku moja, apate madhara kwenye figo na si mahali pengine popote mwilini?

Nianze na umbo. Ukiipasua figo kwa urefu na kuifunua kama kitabu, utaona kwa macho matupu sehemu mbili. Ya nje, tunayoiita gamba, ina rangi ya udongo mwekundu na imejaa punje ndogondogo, ambazo ni vichujio vya damu. Ya ndani ndiyo medula, nayo ina michirizi iliyolala upande mmoja kama nyuzi za mbao. Medula haikutandazwa kama gamba, bali imegawanyika katika vipande vyenye umbo la pia vinavyoitwa piramidi, kwa kawaida kati ya 8 na 18 katika kila figo. Kitako cha piramidi kimeelekea nje na ncha yake imechomoza ndani ya kijikombe kinachopokea mkojo. Ncha hiyo huitwa chuchu, na jina limeisibu. Huwa namwambia mwanafunzi achukue figo mbichi ya ng'ombe, aibinye chuchu moja taratibu kwa vidole viwili huku akiitazama kwa kioo cha kukuzia, naye huona matone madogo yakijitokeza kwenye matundu ambayo hakujua kama yapo. Aliyeieleza kwanza mirija inayoishia kwenye matundu hayo ni Lorenzo Bellini, kijana wa Kiitalia, mwaka 1662, alipokuwa hajatimiza hata miaka 20. Ilipita miaka 200 kamili ndipo Mjerumani Jakob Henle, mwaka 1862, akaeleza vile vitanzi vya mirija vinavyoshuka ndani ya medula kisha kugeuka na kupanda tena.

Vitanzi hivyo ndivyo vyenye siri yote. Figo zetu mbili huchuja takriban lita 180 za majimaji kwa siku, lakini tunakojoa lita moja au mbili tu; kilichobaki hurudishwa kwenye damu, sehemu kubwa huko kwenye gamba, na medula ndiyo inayoamua hatima ya kile kidogo kinachosalia. Tawi la kitanzi linalopanda husukuma chumvi nje lakini halipitishi maji, na kwa kuwa matawi mawili yamelala ubavu kwa ubavu, yakipitisha majimaji kwa kupishana, chumvi hujilimbikiza zaidi na zaidi kadiri unavyoelekea chini, hata ukifika kwenye chuchu ukolezo wake, pamoja na urea, unaweza kuwa mara nne ya ule wa damu. Mirija ya Bellini hupita katikati ya ukolezo huo ikielekea nje. Mwili ukiwa na kiu, homoni kutoka ubongoni huifungulia mirija hiyo njia za maji, maji yakavutwa na chumvi, na mkojo ukatoka mchache na mzito.

Sasa fikiria, Zuhura, kama damu ingepita huko kwa kasi ile inayopita kwenye gamba. Ingeizoa chumvi yote na kazi ingeharibika. Kwa hiyo, ingawa figo hupokea karibu robo ya damu yote inayotoka moyoni, medula hupata chini ya sehemu moja kati ya 10 ya mgawo huo, tena kwa mishipa myembamba iliyonyooka, inayoshuka na kupanda sambamba. Usambamba huo una hasara yake, kwani oksijeni huvuka kutoka mshipa unaoshuka kwenda unaopanda kabla haijafika kwenye ncha. Wakati gamba lina shinikizo la oksijeni la takriban milimita 50 za zebaki, medula huishi na 10 hadi 20, ilhali tawi linalopanda linafanya kazi nzito ya kusukuma chumvi mchana na usiku. Mimi huwaambia wanafunzi kwamba medula ni mtu anayebeba mizigo huku amezibwa pua, na karibu kila ugonjwa wake mkubwa nausoma kutokea hapo.

Turudi kwa Idrisa. Kwa mbebaji wa selimundu, kiasi cha asilimia 35 hadi 40 ya himoglobini, yaani protini inayobeba oksijeni ndani ya chembe nyekundu, ndiyo ile yenye kasoro, na katika mwili mzima kiasi hicho hakitoshi kuziharibu chembe nyekundu. Lakini kasoro hiyo huamshwa na mambo matatu: upungufu wa oksijeni, tindikali, na chembe kupoteza maji hadi himoglobini ikasongamana. Kwenye medula yote matatu yanakutana. Chembe zikifika huko hujikunja kama mundu, huziba vimishipa, na vimishipa vilivyoziba kwa muda hupasuka na kumwaga damu kwenye mkojo. Kwa kawaida damu hiyo hutoka zaidi figo ya kushoto, ambayo mshipa wake wa kurudisha damu ni mrefu na hubanwa kwa urahisi na mishipa mingine. Uliniambia pia kwamba tangu utotoni huamka mara mbili au tatu usiku kwenda kukojoa, nawe ukamlaumu kwa kunywa maji mengi jioni. Umwombe radhi. Medula iliyopata majeraha madogo mengi hushindwa kukoleza mkojo, ndiyo maana wa kwake ni mwepesi hata asubuhi. Hayo maji anayahitaji, hasa siku za joto na za mazoezi makali.

Mara nyingi damu ya namna hii hukoma yenyewe kwa mapumziko na maji ya kutosha. Sharti tu ni kuhakikisha kwamba chuchu haijafa. Ikikosa damu kwa muda mrefu, ncha nzima ya piramidi huoza na kukatika, na kipande kinaweza kukwama kwenye mrija unaoshuka kibofuni, kikaleta maumivu ya ubavuni yasiyomithilika. Maumivu hayo yakija pamoja na homa, msisubiri kukuche. Nendeni hospitali usiku huohuo, kwa sababu figo iliyozibwa ikiwa na maambukizi huharibika upesi na kuhatarisha uhai.

Ajali hiyohiyo ya chuchu huwapata wenye kisukari, wenye maambukizi makali ya figo, na wale wanaotumia dawa za maumivu kupita kiasi. Katika miaka ya 1950 madaktari wa Uswisi waliona figo zilizokufa chuchu kwa watu waliomeza kila siku, kwa miaka, dawa za maumivu zenye fenasetini. Marekani ilikuja kuipiga marufuku mwaka 1983. Ila usidhani hadithi imeishia hapo. Vidonge vya ibuprofeni unavyomeza kwa ajili ya magoti yako huzuia kemikali zinazoiachia mishipa ya medula wazi, na mtu mwenye medula dhaifu akivimeza akiwa na upungufu wa maji anaikaba pale palipobanwa tayari. Idrisa asivitumie kabisa bila kauli ya daktari. Wewe nawe vipunguze, tafadhali.

Yapo mengine ambayo huenda utayasikia. Kuna watu wanaozaliwa na mirija ya medula iliyopanuka kama sifongo, wakawa wanapata vijiwe mara kwa mara, lakini wengi wao huishi vizuri na hilo silihofii kwa mwanao.

Ninaloomba lisiachwe ni CT skani. Ipo saratani adimu ya medula ya figo, iliyoelezwa rasmi mwaka 1995, ambayo kwa kiasi kikubwa huwapata watu wenye selimundu tu, hasa wabebaji, hasa vijana, na mara nyingi zaidi figo ya kulia. Ni adimu sana, na nakuandikia nikiamini sicho alicho nacho Idrisa. Lakini ni kali na haingoji mtu, kwa hiyo nisingeridhika mimi kuambiwa "ni selimundu tu, itapita" kabla picha haijapigwa. Daktari akisema ultrasaundi inatosha, mwulize kwa adabu kama ameshaifikiria saratani hiyo kwa kijana mbebaji, na umtajie kwa jina.

Picha ikishatoka, nitumie maelezo yake yote kama yalivyoandikwa, pamoja na kipimo cha uzito wa mkojo wa asubuhi ya kwanza. Niandikie pia damu imeonekana kwa siku ngapi jumla, na kama aliona mabonge. Nisalimie Idrisa, na umwambie kuamka kwake usiku nimeshamtetea.

Rafikiyo wa siku zote,
Mwanahamisi