Baharia John Lawson naye atajwe

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nimtaje John Lawson, baharia Mmarekani Mweusi, kwa kuwa kila vita vya Ghuba ya Mobile, jimboni Alabama, vya tarehe 5 Agosti 1864, wakati wa Vita vya Wenyewe kwa Wenyewe vya Marekani, vinaposimuliwa, sifa humwendea kamanda wa meli za Kaskazini, Admirali David Farragut, aliyepanda kwenye kamba za mlingoti wa meli ya Hartford. Lawson alikuwa sitaha ya chini ya meli hiyohiyo, pasipo na wa kumtazama, yeye na wenzake watano wakivuta makombora kwa kamba na roda kuwapelekea wapiga mizinga. Kombora la adui likawaua au kuwajeruhi wote sita. Lawson aliumia mguu, akarushwa kwa kishindo ubavuni mwa meli. Alipohimizwa ateremke akatibiwe alikataa, akarudi kwenye kamba yake. Tarehe 31 Desemba mwaka huohuo alitunukiwa Nishani ya Heshima (Medal of Honor), tuzo kuu ya ushujaa ya jeshi la Marekani.

Kwangu mimi ushujaa huo ni mgumu kuliko wa mlingotini, maana kamba ile ingeachwa, mizinga ya juu ingenyamaza. Mwenzake Wilson Brown, Mweusi pia, alirushwa ngamani na mlipuko akazirai, kisha akazinduka na kurudi kazini. Naye alipewa nishani hiyohiyo.

Mtakapoandika tena habari za vita hivyo, tafadhali watajeni wote wawili.

Msomaji wako wa siku nyingi