Barua ya wazi kwa vijana mnaokwenda kusoma famasi, udaktari na uinjinia India

Wanangu, na wazazi wenzangu mnaolipa ada, habari zenu. Naandika hii kwa sababu juzi nilikaa na kijana mwenye barua ya udahili na tangu siku hiyo silali vizuri. Juu kuna nembo nzuri, jina la chuo, jina lake limepigwa chapa, halafu chini kabisa kwa herufi ndogo mstari mmoja: udahili huu unategemea uamuzi wa kesi iliyoko mahakamani. Mama yake ameshalipa ada ya mwaka mzima, risiti kaifunga kwenye kitambaa. Namuuliza kijana, kesi ya nani na nani? Ananiambia ajenti kasema hiyo kawaida tu, kila chuo kina kesi.

Sasa nisikilizeni vizuri. India vyuo vingi vya taaluma havitoi digrii vyenyewe, vinafundisha tu, digrii inatoka chuo kikuu kilichokikubali hicho chuo kuwa kishiriki. Na pembeni kuna baraza la taaluma: udaktari sasa hivi ni Tume ya Taifa ya Tiba iliyochukua nafasi ya baraza la zamani mwaka 2020, uinjinia ni AICTE, yani Baraza la India la Elimu ya Ufundi, famasi ni Baraza la Famasi. Kibali cha baraza ni kitu kimoja na ushiriki wa chuo kikuu ni kitu kingine, na kibali kina namba ndani yake, yani siti (nafasi za wanafunzi) ngapi, kozi gani, mwaka gani. Chuo kikipewa siti 60 kikaingiza watu 100, wale 40 wanakaa darasani, wanalipa, wanaandika noti, ila kwenye daftari la chuo kikuu hawapo.

Hapo ndo kesi zinapoanzia. Chuo kinanyimwa siti au kinanyimwa ushiriki, kinakimbilia mahakamani, kinapata zuio la muda, yani amri ya kusimamisha uamuzi huo wakati kesi inaendelea, kesho yake kinadahili. Na zuio la muda ni la muda kweli, wanangu, jaji anaweza kuliondoa wewe ukiwa mwaka wa pili. Mwaka 1986 kulikuwa na kesi ya chuo cha udaktari Andhra Pradesh kilichofunguliwa bila ruhusa, wanafunzi wakaomba waruhusiwe angalau wafanye mitihani, Mahakama ya Juu ikakataa, ikasema haiwezi kukiamuru chuo kikuu kivunje sheria yake chenyewe. Majaji hawakuwachukia wale vijana. Ndo hivyo tu, huruma haitengenezi siti, na aliyekula ada alikuwa chuo.

Ajenti atakwambia chuo binafsi kina haki zake. Kweli kinazo, mwaka 2002 majaji 11 wa mahakama hiyo hiyo walisema watu binafsi wana haki ya kuanzisha na kuendesha chuo, lakini masharti ya ushiriki na ya kutambuliwa yakabaki pale pale. Wanaosoma famasi nawaonya zaidi, maana kwa miaka mabaraza mawili yalikuwa yanavutana, vyuo vikaongeza siti kwa kibali cha AICTE huku Baraza la Famasi halijakubali, mpaka Machi 2020 Mahakama ya Juu ikasema kwenye elimu ya famasi neno la mwisho ni la Baraza la Famasi. Mvutano ulikuwa wa wakubwa, aliyekaa roho juu ni mwanafunzi.

Kwahiyo kabla hujatuma hela, usiombe picha za hosteli. Omba barua ya kibali ya mwaka huu, siyo ya mwaka juzi, na barua ya ushiriki wa chuo kikuu, soma namba ya siti, halafu mwenyewe ingia tovuti ya baraza husika utafute chuo hicho kwa jina kamili, maana kuna majina yanafanana mno. Wakisema kuna kesi, omba namba ya kesi na jina la mahakama, umpe wakili asome amri yenyewe. Chuo kinachoficha amri ya mahakama kikikwambia kimeshinda, kaa na hela yako.

Na wewe uliyeko ndani ya chuo tayari usikae kimya ukisubiri mkuu wa chuo. Kila chuo kikuu kinampa mwanafunzi namba ya usajili, siyo ile ya kitambulisho cha getini, ni ile inayotoka chuo kikuu chenyewe. Kama fomu za mtihani zinakaribia na huna hiyo namba, kusanyikeni, andikeni kwa msajili wa chuo kikuu, mtafute wakili wenu, msitegemee wakili wa chuo, yule analinda chuo.

Yule kijana tulikaa naye jioni ile ile tukaandika barua pepe mbili, moja kwa msajili, moja kwa baraza, tukauliza kitu kimoja tu: siti ngapi mwaka huu. Tiketi ya ndege nimemwambia asikate kwanza, na mama yake kakubali.