Mhariri, mlima uanze halafu muziki ufuate

Ndugu Mhariri,

Salaam kwako na kwa timu nzima. Naandika kuhusu zile ratiba za safari fupi ambazo magazeti yanapenda kuzitoa, lenu likiwemo, za siku tatu zenye mlima, mji na kukesha humo humo. Wazo lenyewe nalipenda sana, mimi mwenyewe niko hivyo hivyo, asubuhi nataka kupanda, mchana makumbusho, usiku muziki mpaka miguu igome. Kinachonikera ni mpangilio. Karibu kila ratiba ninayoisoma inakwenda hivi: Ijumaa unafika, unaoga, unatoka usiku, Jumamosi alfajiri uko mlimani, Jumapili unapita makumbusho mbio mbio halafu uwanja wa ndege. Yaani aliyepanga hivyo sijui kama alishawahi kumuona mtu mwenye hangova anateremka njia ya mawe.

Niseme tu waziwazi. Kwenye safari fupi mlima uwe wa kwanza na usiku wa kukesha uje baada ya kushuka. Mengine zungusheni mtakavyo, hilo moja tu ndo nawaomba mlishike.

Tuanze na pombe yenyewe maana ndo inaharibu hesabu. Pombe inakojolesha, kila mtu anajua, inaibana ile homoni inayouambia mwili utunze maji, kwa hiyo unaamka umekauka, na usingizi ulioupata ni wa kubabaisha hata kama ulizima kabisa. Halafu ini halina haraka. Kwa mtu mzima wa kawaida linamaliza kama kinywaji kimoja cha kawaida kwa saa, na hakuna cha kahawa nyeusi wala kuoga maji baridi kitakacholisukuma. Sasa piga hesabu: mtu kaanza saa nne usiku kapiga vinywaji kumi, pombe inamuisha mwilini kwenye saa mbili asubuhi hivi, wakati ratiba yenu inamtaka awe kwenye basi la mlimani saa kumi na mbili. Huyo tunaongea hana hata hangova bado, huyo bado kalewa, na anapelekwa sehemu ambayo ukikosea hatua moja hakuna wa kukudaka.

Lakini kuna jingine naliona kubwa zaidi na sijui kwa nini huwa haliandikwi. Ugonjwa wa mwinuko, ule unaowapata watu wakienda juu haraka, dalili zake ni kichwa kuuma, kichefuchefu, kizunguzungu, kuchoka bila sababu, usingizi mbovu. Na za hangova je? Ni hizo hizo! Ugonjwa huo unaanza kuwasumbua watu kuanzia kama mita 2,500 hivi, na sheria yake inajulikana, ukijisikia vibaya huendi juu zaidi, ukizidi kuwa mbaya unashuka, hamna mjadala. Sasa kundi lililokesha litajuaje? Mmoja anashika kichwa wenzake wanacheka, wanamwambia ah hizo za jana tu, kunywa maji twende, na yeye mwenyewe anakubali kwa sababu kweli jana alikunywa. Ukipanda na akili timamu angalau kichwa kikiuma unajua kinauma kwa ajili gani.

Na hapo hapo niongeze, milima mirefu kabisa haiingii kwenye wikiendi. Ushauri wa madaktari wa milimani ni kwamba ukishapita mita 3,000, pale unapolala leo pasipite pale ulipolala jana kwa zaidi ya mita 500, na kila baada ya siku tatu nne unapumzika. Siku tatu zako zitaishia njiani. Kuna miji mingine yenyewe iko juu tayari, Bogotá kule Colombia kwa mfano iko kwenye mita 2,640, unashuka kwenye ndege kifua kinakukumbusha, na kile kilima chao cha Monserrate kiko mita 3,152, watu wanakichukulia kama matembezi ya kupunga upepo kwa sababu kiko pale pale mjini. Mji kama huo jioni ya kwanza ni ya kula, kunywa maji na kulala.

Wanaoanza na klabu wana hoja moja, sitaki kuwanyima haki yao. Miguu. Kupanda kunakutoa jasho ila kinachoyamaliza mapaja ni kushuka, maana msuli unafanya kazi huku unavutwa, unachanika chanika kidogo kidogo, na maumivu hayaji siku ile ile, yanakuja kesho yake na kukolea siku ya pili au ya tatu. Kwa hiyo wanasema heri tucheze kwanza tukiwa na miguu mizima. Sawa, lakini angalieni vizuri hiyo saa ya maumivu. Ukishuka Jumamosi saa tisa alasiri, ukaoga, ukalala masaa mawili matatu, usiku ule ule bado unacheza vizuri tu, kwa sababu bili ya mapaja haijafika! Itafika Jumapili wakati uko makumbusho, na makumbusho yana mabenchi. Itakolea Jumatatu ukiwa ofisini unashuka ngazi kiubavu ubavu, hapo wacheke tu, safari imeshaisha.

Jambo la muda nalo mnalipitisha juu juu sana. "Matembezi mepesi ya nusu siku", mepesi kwa nani? Kuna Mskochi mmoja, William Naismith, mwaka 1892 alitoa kanuni ambayo wapanda milima wanaitumia mpaka leo: saa moja kwa kila kilomita 5 za njia, halafu ongeza saa moja kwa kila mita 600 unazopanda. Chukua njia ya kilomita 12 kwenda na kurudi yenye kupanda mita 900. Kilomita zinakupa saa mbili na dakika ishirini na kitu, mita zinakupa saa moja na nusu, jumla karibu masaa manne, na hayo ni ya mtu mwenye mazoezi ambaye hasimami. Weka kusimama kula, weka picha, weka yule mwenzetu mwenye viatu vipya vinavyombana, ni masaa sita. Ongeza usafiri wa kwenda na kurudi, siku imekwisha. Kila mita 1,000 unazopanda joto linashuka kama nyuzi sita na nusu, na milima mingi wakati wa joto inapenda radi mchana, ndo maana wazoefu wanataka wawe wameshaanza kushuka kabla ya saa saba. Maana yake kuamka mapema. Maana yake, mnaona tunarudi wapi, kulala mapema jana yake.

Kuna miji ambayo ukiupanga vizuri mlima na utamaduni havigombanii muda kabisa. Sofia kule Bulgaria, mlima Vitosha uko mgongoni mwa mji, kilele chake Cherni Vrah kina mita 2,290, na ndo huko mwaka 1895 mwandishi Aleko Konstantinov aliwahamasisha watu kama 300 wakapanda pamoja, Wabulgaria wanahesabu siku ile kama mwanzo wa utalii wa kupangwa nchini kwao. Sasa ukishuka, chini ya mlima ule ule kuna kanisa dogo la Boyana lenye michoro ya ukutani ya mwaka 1259, liko kwenye orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO tangu 1979. Ukifika katikati ya mji unakuta magofu ya mji wa Kirumi wa Serdica pale pale kwenye stesheni ya metro, unayaona ukiwa unaenda zako. Hujaongeza siku hata moja na umeshapata historia ya kukutosha kabla usiku haujaanza.

Madrid ndo mfano ninaoupenda kuliko yote kwa sababu ratiba ya mji wenyewe inakubaliana na mimi. Treni za mji zinakufikisha Cercedilla, mlango wa milima ya Guadarrama, kilele kirefu cha milima hiyo, Peñalara, kina mita 2,428 japo kutoka hapo hukifikii hivi hivi, kina njia zake. Unatembea asubuhi, unarudi. Makumbusho ya Prado Jumatatu hadi Jumamosi yanaingiza watu bure masaa mawili ya mwisho, kuanzia saa kumi na mbili jioni, foleni ipo lakini inatembea. Halafu klabu zao kabla ya saa sita usiku ni ukumbi mtupu, wewe na mhudumu mnaangaliana, kwa hiyo una muda wa kutosha kurudi hotelini ulale kidogo. Mwenye kuanzia klabu huko atatoka kunakucha, huo mlima atauona kwenye simu.

Cape Town nako watu wanajidanganya, wanaona Table Mountain ina mita 1,086 wanasema ndogo, wanasahau bahari iko pale pale chini, kwa hiyo sehemu kubwa ya hizo mita unazipanda mwenyewe. Wengi wanapanga kupanda kwa miguu na kushuka na yale magari yanayoning'inia kwenye nyaya. Upepo ukizidi yanafungwa. Ukipanga jioni yako kwa kutegemea gari hilo, panga na akili ya kushuka kwa miguu.

Kwenye utamaduni sina maneno mengi, angalieni tu siku za kufunga kabla ya kuchapisha. Makumbusho mengi duniani yanafunga Jumatatu, Louvre ya Paris inafunga Jumanne, na mtu aliyesafiri siku tatu akikuta mlango umefungwa hana siku ya nne ya kurudi. Na mtusaidie kuacha ile tabia ya kuandika usiku kama kitu cha wahuni na makumbusho kama kitu cha wastaarabu, Ujerumani mwaka 2024 waliuingiza muziki wa techno wa klabu za Berlin kwenye orodha yao ya urithi wa kitamaduni usioshikika, sasa nani atasema aliyekwenda kucheza kule hakwenda kuona utamaduni.

Kundi likigawanyika msilazimishane. Anayetaka kukesha Ijumaa akeshe, abaki mjini kesho yake, wengine wapande. Wanaopanda waache ujumbe wanapita njia gani na wanategemea kurudi saa ngapi, simu zina tabia ya kufa chaji juu huko, na wabebe filimbi. Ukipata shida unapuliza mara sita ndani ya dakika moja, unanyamaza dakika moja, unarudia, hiyo ndo ishara ya kuomba msaada inayotambulika milimani.

Ombi langu kwenu ni dogo. Kila mkitoa ratiba ya namna hii wekeni chini yake mita za kupanda, masaa ya kutembea kwa hesabu ya Naismith na nusu yake juu, saa ya usafiri wa mwisho wa kushuka, na siku makumbusho yanapofungwa. Mistari minne tu. Mkisema nafasi haitoshi, ondoeni picha ya yule jamaa aliyenyoosha mikono kileleni, kila toleo ni yule yule.

Msomaji wenu wa kila wikiendi