Kwa Rehema, uliye Frankfurt

Tanga, Jumapili jioni

Rehema shoga yangu,

Asalaam aleikum. Sisi huku hatujambo, ila ndizi zimepanda bei na Mama analalamika goti. Barua yako nimeisoma mara mbili. Pale uliposema kazi yako ya kuzunguka majumbani kuwaogesha wazee na kuwafunga vidonda haina heshima mbele ya manesi wa hospitali, nilishindwa kulala. Basi ngoja nikupe habari za mtu aliyezaliwa hapo hapo mjini kwenu.

Anaitwa Jacob Schiff, Myahudi, wa mwaka 1847. Wazee wake walikaa Judengasse, kichochoro ambamo Wayahudi wa Frankfurt walilazimishwa kuishi kwa karne nyingi. Mwaka 1865, akiwa na miaka 18, alihamia New York. Mwaka 1875 akaingia benki ya Kuhn, Loeb, akamwoa Therese, binti wa mzee Loeb, na ilipofika 1885 yeye ndiye mkuu wa benki. Utajiri wake ulitokana na kuzitafutia kampuni za reli mitaji. Hayo ya reli niachie mimi ninayeshinda na vitabu vya mikopo. Wewe nataka umjue nesi wake.

Nesi huyo ni Lillian Wald, wa huko huko New York. Asubuhi moja ya manyunyu, Machi 1893, alikuwa akiwafundisha kina mama wahamiaji namna ya kuuguza watu nyumbani. Akaja mtoto wa kike, mama yake mgonjwa. Wald akamfuata kwenye vichochoro vya matope, akapanda ngazi chafu, akamkuta mama aliyejifungua kalala kwenye kitanda chenye damu iliyokauka. Akamwosha, akatandika, akasafisha chumba. Tangu siku hiyo akaamua kuhamia mtaa ule ule wa maskini na kuwafuata wagonjwa makwao.

Gharama zake zilibebwa na Schiff pamoja na mama mkwe wake, Bi Loeb. Na Schiff hakutoa pesa akasahau. Wald alimwandikia taarifa za alichokikuta, familia kwa familia. Mwaka 1895 Schiff akanunua nyumba namba 265, Henry Street, manesi wapate pa kukaa. Kufika 1913 walikuwa manesi 92, na kwa mwaka walibisha hodi majumbani mara 200,000 hivi. Rehema, hiyo ndiyo kazi yako!

Schiff mwenyewe alikuwa mwenyekiti wa Hospitali ya Montefiore kwa miaka 35, na alikuwa na desturi ya kwenda Jumapili kuwaona wagonjwa. Hapo nilimkumbuka shangazi. Alipolazwa mwaka jana, wafadhili waliingia wodini na bango lao, wakapiga picha wakiwa wamesimama kandokando ya kitanda chake, wakaondoka. Hakuna aliyemuuliza hata jina. Shangazi aligeukia ukutani mpaka jioni.

Sikufichi, kuna jambo lake linanisumbua. Wayahudi walipouawa Kishinev, mji uliokuwa chini ya Urusi, mwaka 1903, Schiff aliwaka hasira na Mfalme wa Urusi. Mwaka uliofuata, London, alikaa mezani karibu na Takahashi Korekiyo, aliyetumwa na Japani kutafuta mkopo wa vita dhidi ya Urusi. Mkopo ulikuwa wa pauni milioni 10, na Takahashi alikuwa amepata nusu tu. Nusu ya pili Schiff akakubali kuitafuta yeye. Wakawa marafiki hata binti wa Takahashi akaenda kulelewa nyumbani kwa Schiff. Uchungu wake kwa ndugu zake naulewa kabisa. Lakini Japani ilishinda, ikaibana Korea, na mwaka 1910 ikaitwaa. Mkopo ule ulisaidia wenye kuonewa huku ukiwapa nguvu waonevu wapya, na siwezi kulipitia hilo kimya kwa sababu tu nampenda mtu huyu.

Alifariki mwaka 1920.

Sasa nina ombi. Siku usiyo na zamu, nenda makumbusho ya Judengasse. Misingi ya nyumba za zamani ilifukuliwa 1987, na baadhi bado unaweza kuiona. Nipigie picha ya mawe yale, halafu uniandikie kuhusu yule bibi wa ghorofa ya nne asiyekubali kuogeshwa na mwingine ila wewe. Anaendeleaje?

Mama anakusalimu sana.

Shoga yako,
Mwanaidi