Walatvia nao tuandikieni

Mhariri salaam,

Kurasa zenu za kimataifa ni mpira na vita tu, mbona Walatvia, watu wa Latvia, ile nchi ndogo ya kaskazini mwa Ulaya, hamuwagusi? Hawa jamaa tangu 1873 wana tamasha lao kubwa la kwaya pale Riga, mji wao mkuu, na jeshi la Sovieti lilipokaribia 1944 maelfu wakakimbia, wakaishia kambi za wakimbizi Ujerumani, baadaye wakatawanyika Marekani, Kanada, Australia, lakini kuimba hawakuacha, 1947 wakiwa bado wakimbizi wakafanya tamasha Esslingen, hukohuko Ujerumani (na shida zote zile!) halafu 1953 Chicago. Tena kulikuwa na mzee wao wa zamani, Krišjānis Barons, alikusanya beti zao za asili zaidi ya 200,000, akazipanga kwenye kabati la droo ndogondogo, lipo mpaka leo. Wekeni basi hata nusu ukurasa, Jumapili.

Msomaji wenu,
Tanga